Mtoto wa Filamu Mbili: Tathmini ya Diski ya The Fallen Idol

Diski ninayoitathmini hapa ina filamu moja ya Kiingereza, isiyo ya rangi, yenye urefu wa dakika 95, iliyotolewa mwaka 1948 kwa jina la The Fallen Idol. Kilichonifanya niiagize hadi ikafika Dodoma si jina la mwongozaji wake, Carol Reed, wala la mwandishi wake, Graham Greene, ambaye wapenzi wa riwaya wanamfahamu vya kutosha, bali ni mtoto wa miaka minane aitwaye Bobby Henrey, ambaye uso wake unaonekana karibu kila dakika ya filamu hii na ambaye, baada ya filamu nyingine moja tu, hakurudi tena mbele ya kamera kama mwigizaji. Niseme mapema kwamba diski hii inastahili fedha yake, na kwamba inastahili kwa sababu ya mtoto huyo, ingawa nina shaka kubwa kama alichokuwa akikifanya humo ndani kilikuwa uigizaji. Shaka hiyo ndiyo inayoifanya filamu iwe ya kuitazama zaidi ya mara moja.

Hadithi yenyewe inatokea London, katika jumba la ubalozi wa nchi isiyotajwa jina ambayo watu wake wanazungumza Kifaransa. Balozi amesafiri mwishoni mwa juma kwenda kumchukua mkewe, aliyekuwa mbali kwa miezi mingi kwa sababu ya ugonjwa, na mtoto wao Phillipe ameachwa chini ya uangalizi wa Baines, mkuu wa watumishi wa nyumba, pamoja na mkewe Baines, mwanamke mkali asiyependa uchafu, kelele wala wanyama. Phillipe anampenda Baines kuliko mtu mwingine yeyote duniani. Baines naye anampenda, lakini ana siri: ana uhusiano na Julie, mwanamke kijana anayefanya kazi ubalozini, na siku mtoto anapowakuta pamoja katika mgahawa wa chai anaambiwa kwamba Julie ni mpwa wa Baines. Mtoto anakubali, kwa kuwa hana sababu ya kutokubali. Kutoka hapo uongo unaanza kuzaa uongo, mpaka Bi. Baines anapoanguka na kufa, polisi wanapojaa nyumbani, na mtoto anayeamini kwamba rafiki yake ameua anapoanza kudanganya ili amwokoe, huku kila neno lake likizidi kumtia Baines hatiani.

Mtazamaji wa Dodoma atakutana mapema na jambo ambalo huenda mtazamaji wa London hakulitilia maanani. Baines anampendeza Phillipe kwa masimulizi ya Afrika: jinsi alivyoishi huko, alivyozima uasi, alivyolazimika kumuua mtu. Mtoto anayameza yote, na ni kwa sababu ya masimulizi hayo kwamba baadaye anaona ni jambo linalowezekana kabisa kwa Baines kuua tena. Lakini Baines hajawahi kukanyaga Afrika. Ameibuni yote jikoni, akisugua vyombo vya fedha vya balozi, kwa kuwa Afrika ilikuwa mahali ambapo mtumishi wa ndani angeweza kujivika ushujaa bila mtu wa kumuuliza maswali. Ralph Richardson, aliyeigiza nafasi ya Baines, anayasimulia masimulizi hayo kwa sauti ya chini na ya unyenyekevu, kama mtu anayeona haya kujisifu, na hapo ndipo ulaghai wake unapokuwa mtamu.

Greene mwenyewe hakuwa na udhuru wa Baines wa kutoijua Afrika. Aliiandika hadithi fupi iliyozaa filamu hii mwaka 1935 akiwa ndani ya meli ya mizigo, akirudi Uingereza kutoka Liberia, na wakati wa vita alifanya kazi ya ujasusi Sierra Leone. Katika hadithi ile fupi Baines alikuwa ameishi kweli pwani ya Afrika Magharibi, na kifo cha mkewe kilikuwa kazi ya mikono yake. Walipokaa na Reed kuitengeneza upya kwa ajili ya filamu, kifo kikawa ajali na Afrika ikawa uongo. Kwa maoni yangu mabadiliko hayo mawili ndiyo yaliyoiokoa filamu, maana yanamwachia mtoto mzigo wote wa kutafsiri mambo asiyoyajua. Tena mwaka 1947, Reed alipoanza kuipiga filamu hii, Waingereza halisi walikuwa wanashusha matrekta Kongwa, mwendo mfupi kutoka hapa mjini, wakiamini kwamba nyika yetu ingewapa karanga za kutosha kulainisha uhaba wa mafuta nchini kwao. Mpango huo ulifutwa mwezi Januari mwaka 1951 baada ya kula zaidi ya pauni milioni 36, udongo ukiwa umekauka na kuyashinda majembe ya mitambo. Sidai kwamba filamu inazungumzia Kongwa, haizungumzii. Lakini mtu aliyekulia katika mkoa huu, ambako wazee bado wanasimulia habari za karanga zile, hawezi kumsikiliza Baines akiisimulia Afrika yake bila kutabasamu.

Turudi kwa mtoto. Robert Henrey, ambaye wote walimwita Bobby, alizaliwa mwezi Juni mwaka 1939 huko Villers-sur-Mer, katika pwani ya Normandy nchini Ufaransa. Baba yake alikuwa mwandishi wa habari Mwingereza, na mama yake, Madeleine, Mfaransa, alikuwa mwandishi wa vitabu vingi alivyovitoa kwa jina la Mrs Robert Henrey. Wajerumani walipoivamia Ufaransa mwaka 1940 familia ilikimbilia Uingereza na mtoto mchanga mkononi, ikaishi katikati ya London wakati wa mabomu. Hakuwa amesoma shule yoyote ya sanaa, hakuwa amecheza jukwaani, na hakuna aliyekuwa akimwandaa kuwa nyota. Watu wa kampuni ya mtayarishaji wa filamu Alexander Korda waliona picha yake katika kimojawapo cha vitabu vya mama yake, wakadhani uso ule unaweza kumfaa Phillipe. Kiingereza chake kilikuwa na mvuto wa Kifaransa kutoka kwa mama, jambo ambalo kwa mtoto wa balozi halikuhitaji maelezo yoyote. Mama, ambaye hakuwa mtu wa kupoteza kisa kizuri, aliandika kitabu kizima kuhusu miezi ile ya upigaji picha na kukichapisha mwaka huohuo filamu ilipotoka.

Kilichofuata kinaelezwa vizuri katika makala ya picha kuhusu Carol Reed iliyowekwa kwenye diski kama nyongeza, na ningemshauri mnunuzi aitazame mara tu baada ya filamu, kabla hajaanza kujadiliana na wenzake. Guy Hamilton, aliyekuwa msaidizi wa mwongozaji na ambaye baadaye aliongoza filamu kadhaa za James Bond, hakuona haya kueleza kwamba mtoto huyo hakuweza kutuliza akili yake kwenye jambo lolote ila kwa muda mfupi mno. Hakuwa mtukutu, alikuwa mtoto. Mwongozaji mwingine angetafuta mwingine, mwenye nidhamu ya jukwaani. Reed alifanya kinyume chake. Alikaa karibu na kamera akampa mtoto sentensi moja, akaipiga, akampa nyingine, akaipiga. Akaigiza yeye mwenyewe ili mtoto aige. Akatumia filamu ghafi kwa wingi usiopimika, kisha akaviunganisha vipande hivyo katika chumba cha uhariri. Inasimuliwa pia kwamba palipohitajika uso wa mshangao aliletwa mtu wa mazingaombwe aonyeshe kiini macho pembeni mwa kamera, na mshangao tunaouona sisi ni wa kuyashangaa mazingaombwe, wala hauna uhusiano wowote na maneno ya Baines.

Baada ya kujua hayo, mtu angeweza kusema kwamba sifa zote ni za Reed. Mimi nilidhani hivyo kwa muda, lakini kila ninapoirudia filamu naona kwamba hesabu hiyo haijakamilika. Ufundi wa uhariri unaweza kuunganisha sura mbili, hauwezi kuitengeneza sura. Mtazame Phillipe mwanzoni kabisa, akichungulia kati ya nguzo za ngazi kuu, akiwaangalia watu wazima huko chini wakipita na mizigo na maagizo yao. Hafanyi lolote. Anatazama tu, kwa ile njaa ya mtoto aliyeachwa peke yake katika nyumba kubwa mno kwake, na kamera ya Georges Périnal inamfuata toka juu na toka chini kiasi kwamba ngazi zile zinakuwa nchi nzima yenye mipaka yake. Au tazama mgahawani, ambako Baines na Julie wanaagana mbele yake huku wakijifanya wanazungumzia watu wengine, na yeye amekaa katikati yao akishughulika na keki. Mwigizaji mtoto aliyefunzwa angetuonyesha kwamba anahisi kitu. Henrey hatuonyeshi chochote, na kwa sababu hiyo tunaogopa kwa niaba yake.

Sehemu ninayoiona bora kuliko zote ni ya usiku. Baines amemleta Julie nyumbani kwa siri, wakidhani Bi. Baines amekwenda mbali, na wote watatu wanacheza mchezo wa kujificha, kombolela ya vyumba vya ubalozi vyenye samani zilizofunikwa mashuka meupe. Furaha ya mtoto humo ni ya kweli, sauti yake inapanda hadi inakaribia kuwa kilio, wakati mtazamaji tayari anajua kwamba kuna mtu wa nne ndani ya nyumba. Muda mfupi baadaye Phillipe anaona kupitia dirisha, akishuka ngazi za nje, vipande tu vya ugomvi, na kutokana na vipande hivyo anaijenga picha ya mauaji. Anakimbia mitaani usiku, pekupeku, katika nguo za kulalia, juu ya mawe yaliyolowa. Polisi anamwokota na kumpeleka kituoni, ambako askari waliozoea walevi hawajui wamfanyeje, na anayefaulu kumsemesha ni Rose, mwanamke anayejiuza, aliyeigizwa na Dora Bryan kwa dakika chache za kuchekesha sana. Kuna pia ndege ya karatasi, ambayo mtoto ameitengeneza kwa simu ya maandishi yenye ushahidi mzito, inayoruka kutoka ghorofani na kuelea polepole kuelekea walipo polisi. Sitasema inatua wapi. Nitasema tu kwamba nilipoitazama pamoja na jamaa zangu huku Nkuhungu, nyumba nzima ilinyamaza, hata wale waliokuwa wamelalamika mwanzoni kwamba filamu haina rangi, na jirani yetu mmoja, mama wa makamo, hakuweza kujizuia: “Jamani, si wamsikilize huyu mtoto!”

Alikuwa amegusa kiini chake. Katika filamu nzima hakuna mtu mzima anayemsikiliza Phillipe wakati anaposema kweli, na wote wanamsikiliza anapodanganya. Watengenezaji wa filamu walipewa heshima zao: ilitunukiwa na chuo cha filamu cha Uingereza kuwa filamu bora ya Uingereza ya mwaka ule, na huko Marekani Reed na Greene waliteuliwa kuwania Oscar, kila mmoja kwa kazi yake. Mtoto alipata umaarufu, ambao ni kitu kingine kabisa.

Filamu ya pili haimo kwenye diski hii, nami siilaumu diski. Iliitwa The Wonder Kid, ikatoka mwaka 1951, ikiongozwa na Karl Hartl na kupigwa kwa sehemu kubwa huko Austria. Henrey anaigiza yatima mwenye kipaji kikubwa cha kupiga piano, anayenyonywa na meneja wake, hadi mlezi wake mzee anapopanga atekwe na wahalifu na kupelekwa milimani ili angalau apumzike. Mtu anayependa kejeli za maisha atapata chakula cha kutosha katika wazo hilo: mtoto aliyebebeshwa umaarufu anaigiza mtoto aliyebebeshwa umaarufu, na wokovu wake ni kutekwa. Lakini filamu yenyewe ni nyepesi. Henrey alikuwa amekua, alikuwa na miaka kumi na kidogo, na sasa anaonekana kujua kwamba anatazamwa. Anasema maneno yake vizuri, anasimama palipochorwa alama, na ule mwanga wa mwanzo haupo. Mwigizaji kijana Oskar Werner, anayecheza mmoja wa wahalifu, anamzidi katika kila sehemu wanayokutana, na hilo si la ajabu, kwa kuwa Werner alikuwa mtu wa kazi hiyo. Hapo ndipo hoja yangu inaposimama: kile alichokuwa nacho Henrey mwaka 1947 kilikuwa cha umri wake, na mtu mmoja mvumilivu aliweza kukiwahi kabla hakijapita. Hakikuwa ujuzi ambao angeweza kuubeba kwenda nao katika filamu ya tatu na ya nne.

Inaelekea yeye mwenyewe, au wazazi wake, walilielewa hilo mapema kuliko wengi. Alirudishwa shule, ambako umaarufu ulimfanya awe shabaha ya wenzake kuliko kuwa shujaa wao, akasoma Oxford, akahamia Marekani, akafanya kazi ya uhasibu, na baadaye akawa shemasi wa Kanisa Katoliki na mhudumu wa kiroho wa wagonjwa hospitalini katika jimbo la Connecticut. Mwaka 2013 alitoa kitabu cha kumbukumbu zake kuhusu kuishi na umaarufu wa utotoni. Watu wengi wanaposikia habari za mwigizaji aliyecheza filamu mbili tu huuliza ni janga gani lililomkuta, kana kwamba kuacha lazima kuwe na jeraha. Tumezoea hata hapa kwetu kumsikitikia msanii mtoto aliyetoweka kwenye runinga, bila kuuliza kama pengine anasoma kidato cha nne kwa amani. Katika habari za Henrey sioni cha kusikitikia. Waigizaji watoto wengine wa Uingereza walifanya vilevile: Mark Lester, ambaye Reed huyohuyo alimwongoza katika filamu ya Oliver! ya mwaka 1968, aliacha kuigiza akiwa bado kijana na kuwa mtaalamu wa tiba ya viungo.

Sasa kuhusu bidhaa yenyewe, kwa atakayetaka kuinunua. Usitegemee kuipata katika maduka yanayojaza muvi kwenye flashi kando ya soko la Majengo. Huko utapata tamthilia za Kikorea na za Kituruki, utapata za Kihindi, utapata za mapigano zenye sauti ya mtafsiri juu yake, na ukitaja mwaka 1948 utaangaliwa kwa huruma. Itabidi uagize, na gharama ya usafirishaji inaweza kukaribia bei ya diski. Kabla ya kulipa, angalia alama ya kanda nyuma ya kasha, yaani sehemu ya dunia ambayo diski imefungiwa kuchezwa. Tanzania iko kanda 5, wakati toleo lililotoka Marekani mwaka 2006, lenye nyongeza nilizozitaja, ni la kanda 1, na deki ya kawaida iliyofungwa kwa kanda yetu italikataa. Deki nyingi za bei nafuu zinazouzwa hapa mjini hazichagui kanda, lakini muulize muuzaji akujaribishie palepale dukani. Toleo la Uingereza nalo ni la kanda 2. Hakuna lolote kati yake lenye maandishi ya Kiswahili. Maandishi ya Kiingereza kwa wasiosikia yapo, na yanasaidia sana, maana Phillipe hunong'ona, na Richardson naye humeza baadhi ya maneno yake kwa makusudi.

Picha ni safi kuliko nilivyotarajia kwa filamu ya umri huo. Vivuli vya ngazini vina kina, mashuka meupe ya usiku ule wa kombolela hayapotezi mikunjo yake, na mikwaruzo iliyobaki haisumbui. Sauti ni ya njia moja, na katika runinga za siku hizi zenye spika ndogo muziki wa William Alwyn unaweza kuwa mkali masikioni, kwa hiyo ni afadhali kuunganisha redio ya nje kama unayo. Kijitabu kilichomo ndani ya kasha kina insha chache zilizoandikwa na watu wanaoijua kazi ya Reed na Greene, ingawa nilitamani mtoto angepewa nafasi kubwa zaidi humo. Mwalimu wa fasihi au mwanafunzi anayejifunza filamu chuoni hapa atafaidika nayo kuliko mtu anayetafuta cha kupitishia jioni, na katika kibanda umiza isingedumu nusu saa kabla wateja hawajadai viingilio vyao.

Mzazi anayekusudia kuitazama na watoto ajue jambo moja. Phillipe anafuga nyoka mdogo asiye na sumu, aliyempa jina la MacGregor na kumficha nyuma ya tofali barazani, na Bi. Baines anapompata anamtupa kwenye tanuri. Damu haionekani, na sehemu yenyewe ni fupi, lakini wapwa zangu wadogo waliumizwa na kifo cha nyoka yule kuliko cha mwanamke, wakataka nizime. Kuanzia miaka kumi hivi kwenda juu hapatakuwa na tatizo.